M31, M42, M45: vitu tofauti kabisa, orodha moja

Tarehe 10 Aprili 2019 ilipotolewa picha ya kwanza ya shimo jeusi, ile pete ya rangi ya chungwa iliyozunguka kiza, taarifa za habari zilisema shimo hilo liko ndani ya M87. Miaka mitatu baadaye zikaja picha za darubini ya James Webb, na tangu hapo hazijaacha kuzunguka kwenye makundi ya WhatsApp na kurasa za Facebook. Picha zenyewe ni za kweli, na ni nzuri mno. Tatizo ni maneno yanayoandamana nazo. Mmoja anaandika "galaksi ya Orion", mwingine "nebula ya Andromeda", wa tatu anaiita M45 sayari. Chini yake watu wanauliza: hiyo M maana yake nini? Ni milioni? Ni umbali? Ni ukubwa?

Wanaouliza hivyo hawana sababu ya kuona haya. Mkanganyiko huu ni wa tangu zamani. Watu walioviandika vitu hivi kwenye daftari kwa mara ya kwanza nao hawakujua walikuwa wanaangalia nini, na ilichukua zaidi ya miaka 150 kuvitenganisha. Ukiijua safari hiyo, majina haya yanakaa sawa yenyewe.

M ni herufi ya kwanza ya jina Messier. Charles Messier alikuwa Mfaransa, alizaliwa mwaka 1730 na kufariki mwaka 1817. Namba inayofuata ni zamu ya kitu hicho kwenye orodha yake. M31 ni kitu cha thelathini na moja, M87 cha themanini na saba. Namba haisemi kitu kiko umbali gani, kina ukubwa gani, wala ni cha aina gani. Ukikumbuka hilo peke yake, nusu ya mkanganyiko imekwisha.

Sasa tuweke majina sawa kabla ya kwenda mbele.

Nyota ni tufe kubwa la gesi linalowaka kwa nguvu za nyuklia katikati yake. Jua letu ni nyota. Nyota zilizozaliwa pamoja kutoka wingu moja, zikabaki zimeshikana kwa mvutano wao, tunaziita fungunyota. Mafungunyota yako ya namna mbili. Yapo yaliyo wazi, yenye nyota kuanzia makumi hadi maelfu kadhaa, ambazo bado ni changa na baada ya muda zitatawanyika kila moja kwenda zake. Na yapo ya tufe, ambamo nyota laki nyingi zimesongamana kiasi cha kuwa umbo la duara, na nyingi kati yake zina umri unaopita miaka bilioni 10.

Nebula ni wingu la gesi na vumbi lililoko baina ya nyota na nyota. Baadhi ya nebula ni mahali nyota zinapozaliwa. Nyingine ni mabaki ya nyota zilizokufa.

Galaksi ni kitu cha daraja nyingine kabisa: ni mkusanyiko wa mabilioni ya nyota, pamoja na nebula zake, mafungunyota yake na sayari zake. Sisi tumo ndani ya mojawapo, Njia Nyeupe, yenye nyota zisizopungua bilioni 100. Ule ukanda mweupe unaokatiza anga usiku wa kiza ni galaksi yetu tunavyoiona tukiwa ndani yake.

Kwa hiyo nebula na fungunyota huwa ndani ya galaksi. Anayesema "galaksi ya Orion" anasema kitu kisichokuwepo, kwa sababu Orion, kundi ambalo wengi wanalijua kwa nyota tatu zilizopangana katikati, lina nebula maarufu, M42, iliyomo humu humu kwenye galaksi yetu. Umbali wake ni kama miakanuru 1,340. Mwakanuru ni umbali ambao nuru inasafiri kwa mwaka mmoja, takriban kilomita trilioni 9.46. Nuru ya Jua inatufikia kwa dakika 8 na kidogo. Nuru ya M42 unayoiona leo iliondoka huko miaka 1,340 iliyopita. Ile ya galaksi ya Andromeda, M31, imesafiri miaka milioni 2.5.

Hebu tazama namba hizo mbili tena. M31 na M42 zinafuatana kwenye orodha kwa tofauti ya namba kumi na moja tu, na kwa macho matupu zote mbili zinaonekana kama madoa hafifu ya ukungu. Lakini moja iko mbali kuliko nyingine kwa karibu mara elfu mbili. Zilikutanaje kwenye daftari moja?

Jibu ni kwamba Messier hakuwa akizitafuta. Yeye alikuwa mwindaji wa kometi, ziitwazo pia nyota zenye mkia. Alikuja Paris mwaka 1751 akiwa kijana, akaajiriwa na Joseph-Nicolas Delisle, mwanafalaki wa jeshi la majini la Ufaransa, aliyekuwa na kituo cha kutazamia nyota juu ya jumba la Cluny. Wakati huo Ulaya nzima ya wataalamu ilikuwa inasubiri jambo moja. Edmond Halley, mwanafalaki wa Uingereza, alikuwa ametabiri kwamba kometi iliyoonekana mwaka 1682 ingerudi karibu na mwaka 1758, na kama ingerudi kweli, ingekuwa ushahidi mkubwa kwamba kanuni za Newton za mvutano zinafanya kazi hata kwa vitu vinavyopotea machoni kwa miaka zaidi ya 70. Delisle alimchorea Messier ramani ya mahali pa kutafuta. Ramani ilikuwa na makosa. Messier akatafuta mahali pasipo kwa miezi mingi, na wa kwanza kuiona kometi hiyo alikuwa Johann Palitzsch, mkulima wa Saxony huko Ujerumani, usiku wa Krismasi wa mwaka 1758. Messier aliipata Januari iliyofuata bila kujua kwamba mwenzake ameshamtangulia.

Ila katikati ya kutafuta huko ndipo orodha ilipozaliwa. Usiku wa tarehe 28 Agosti 1758, akifuatilia kometi nyingine, aliona doa jeupe karibu na ncha ya pembe ya kusini ya buruji (kundi la nyota) ya Ng'ombe. Lilifanana na kometi kwa kila kitu: hafifu, lenye ukungu, bila ncha kali ya nyota. Messier alikuwa na kipimo kimoja cha kuaminika, nacho ni mwendo. Kometi huhama. Ukiitazama leo na kuitazama kesho kutwa, utaikuta imesogea ukilinganisha na nyota zilizo jirani. Lile doa halikusogea. Likawa M1, ambalo leo tunaliita Nebula ya Kaa.

Kwa kweli hakuwa wa kwanza kuiona. John Bevis wa Uingereza aliiona mwaka 1731. Wala Messier hakujua kwamba alikuwa anaangalia mabaki ya nyota iliyolipuka. Mlipuko wake ulionekana duniani mwaka 1054, na wanafalaki wa China waliandika kwamba nyota hiyo ngeni ilionekana hata mchana kwa siku 23. Katikati ya ukungu ule kuna kiini cha nyota kilichobaki, kinachozunguka takriban mara 30 kwa kila sekunde. Kwa Messier, yote hayo yalikuwa doa lisilosogea.

Alichofanya baadaye ni cha busara sana. Aliamua kuyaandika madoa yote ya namna hiyo, pamoja na mahali pake angani, ili yeye na wenzake wasije wakayadhania kometi tena. Kwa maneno mengine, orodha maarufu kuliko zote za maajabu ya anga ilianza kama orodha ya vitu vya kuepuka. Toleo la kwanza lilichapishwa mwaka 1774 likiwa na vitu 45. La mwisho, la mwaka 1781, lilikuwa na vitu 103, vingi vikiwa vimepatikana kwa msaada wa rafiki yake Pierre Méchain. Watafiti wa karne ya 20 waliongeza saba ambavyo Messier au Méchain walikuwa wameviona, ndiyo maana leo tunahesabu 110.

Usiku mmoja wa kazi hiyo unastahili kutajwa. Tarehe 18 Machi 1781 Messier alikuwa anapitia eneo la buruji ya Mashuke. Aliandika madoa manane katika sehemu hiyo moja, kisha akaongeza fungunyota moja la tufe upande mwingine wa anga, yote katika usiku ule ule. Moja ya yale manane lilipewa namba 87. Maelezo yake yalikuwa mafupi: nebula isiyo na nyota. Leo tunajua ni galaksi kubwa ajabu iliyoko umbali wa takriban miakanuru milioni 55, na kwamba katikati yake kuna shimo jeusi lenye uzito wa jua bilioni 6.5. Darubini nzuri za lenzi za Messier zilikuwa na upana wa karibu sentimita 9 tu. Kwa vifaa vile, kusema "nebula isiyo na nyota" kulikuwa ukweli mtupu wa alichokiona, na mimi namheshimu kwa kutoandika zaidi ya hapo.

Orodha ina kasoro zake, na wanaosema kwamba kila M ni kitu cha ajabu wanapaswa kujua hilo. M40 ni nyota mbili tu za kawaida. M73 ni nyota nne ambazo zimeonekana kukaribiana kwa bahati. M102 inasadikiwa na wengi kuwa M101 iliyoandikwa mara mbili. Na M45 hakuna kometi duniani ingeweza kufananishwa nayo, kwa kuwa M45 ni Kilimia.

Ndiyo, Kilimia kile kile. Mababu zetu hawakungoja Paris iwape namba. Wakulima na mabaharia wa pwani walipimia majira kwa kuzama na kuzuka kwake, na methali ikabaki: Kilimia kikizama kwa mvua huzuka kwa jua, kikizama kwa jua huzuka kwa mvua. Mwishoni mwa Aprili na mwanzoni mwa Mei, masika yakiwa yamekolea, Kilimia hupotea magharibi kwenye mwanga wa jua linalotua. Mwezi Juni, mvua ikiisha, huonekana tena mashariki kabla ya alfajiri. Messier alikipima mahali pake mwaka 1769 na kukiweka mwisho wa orodha yake ya kwanza. Ni fungunyota wazi, liko umbali wa miakanuru 440 hivi, na lina nyota zaidi ya elfu moja, ingawa jicho la kawaida huona sita au saba. Galileo alipolielekezea darubini yake mwaka 1610 alichora nyota 36. Umri wake ni takriban miaka milioni 100, ambao kwa nyota ni uchanga. Jua letu lina miaka bilioni 4.6. Picha za Kilimia huonyesha ukungu wa buluu kuzunguka nyota, na watu husema ni masalia ya wingu lililozizaa. Sivyo. Nyota hizo zinapita tu katika wingu la vumbi lisilohusiana nazo, na mwanga wake unaakisiwa na vumbi hilo.

Messier hakuwa peke yake, wala hakuwa wa kwanza. Mwaka 964, huko Isfahan, Abd al-Rahman al-Sufi alikamilisha kitabu chake cha nyota na ndani yake akataja wingu dogo mahali ambapo leo tunaijua galaksi ya Andromeda. Ni maandishi ya kale zaidi tunayoyajua yanayotaja galaksi hiyo, na yalitangulia darubini kwa miaka 600 na zaidi.

Halafu kuna Nicolas-Louis de Lacaille, ambaye kwa maoni yangu hatajwi vya kutosha, hasa kwetu tunaoishi chini ya anga la kusini. Mfaransa huyu alikwenda Rasi ya Tumaini Jema mwaka 1751, akakaa hapo ilipo Cape Town ya leo hadi mwaka 1753, na kwa muda huo akapima mahali pa nyota karibu 10,000. Kifaa alichotumia kilikuwa kidogo kiasi cha kushangaza: lenzi ya upana wa sentimita moja na robo hivi, inayokuza mara nane. Katika kazi hiyo alikusanya madoa 42 ya ukungu na kuyachapisha mwaka 1755, karibu miaka 20 kabla ya orodha ya kwanza ya Messier. Na alijaribu jambo ambalo Messier hakulijaribu. Aliyagawa mafungu matatu: ukungu usio na nyota, nyota zilizosongamana hadi zikaonekana kama ukungu, na nyota zilizozungukwa na ukungu wa kweli. Kwa darubini yake ndogo aliyagawa kimakosa mara nyingi, lakini swali aliloliuliza lilikuwa lenyewe hasa: je, kila ukungu ni nyota nyingi zilizo mbali, au upo ukungu ambao ni ukungu kweli?

Swali hilo likawa mgogoro wa karne nzima.

Messier alipata ajali mbaya Novemba 1781 baada ya kuanguka ndani ya ghala la barafu, akauguza majeraha kwa mwaka mzima. Mwezi uliofuata huo nakala ya orodha yake ilifika mikononi mwa William Herschel huko Uingereza. Herschel alikuwa mwanamuziki mzaliwa wa Hanover, na mwaka ule ule alikuwa amegundua sayari ya Uranus. Alitengeneza vioo vya darubini kwa mikono yake, na kioo cha darubini aliyoitumia zaidi kilikuwa na upana wa karibu nusu mita. Alipoielekeza kwenye madoa ya Messier, mengi yalipasuka kuwa nyota. M13, ambayo Messier aliandika kwamba haina nyota hata moja, ilijaa nyota tele. Ni fungunyota la tufe lenye nyota laki kadhaa.

Herschel akaamua kulipitia anga lote linaloonekana Uingereza. Hakufanya hivyo peke yake. Dada yake, Caroline Herschel, alikaa dirishani akiandika vipimo kaka yake alivyovitaja kutoka kwenye darubini nje, usiku baada ya usiku, kisha mchana akavikokotoa na kuvipanga. Yeye mwenyewe aligundua kometi nane, na mwaka 1787 mfalme alimpangia mshahara wa pauni 50 kwa mwaka. Kati ya 1786 na 1802 kazi ya ndugu hawa wawili ilitoa orodha tatu zenye jumla ya vitu 2,500. John, mtoto wa William, alikwenda Cape Town naye mwaka 1834, akakaa miaka minne na kuongeza vya kusini. Kutokana na kazi ya familia hiyo na ya wengine, J. L. E. Dreyer, Mdenmaki aliyekuwa akifanya kazi Armagh huko Ireland, alichapisha mwaka 1888 orodha kuu ya vitu 7,840. Ukikutana na jina linaloanza na NGC, limetoka hapo. Kitu kimoja kinaweza kuwa na majina yote mawili: M31 ni NGC 224.

Herschel pia ndiye aliyetuachia jina linalopotosha watu hadi leo. Aliona baadhi ya nebula zina umbo la duara dogo lililofanana na sayari yake mpya, akaziita nebula za sayari. Jina likabaki. Hazina uhusiano wowote na sayari. Ni gesi iliyotupwa nje na nyota ya kadiri ya Jua inapokaribia kufa. Kwenye orodha ya Messier ziko nne, na maarufu kuliko zote ni M57, yenye umbo la pete.

Kwa kuwa darubini kubwa zilizidi kuupasua ukungu kuwa nyota, wengi waliamini kwamba ukipata darubini kubwa ya kutosha, kila doa litageuka nyota. Mwaka 1845 Lord Rosse wa Ireland, akitumia kioo cha upana wa mita 1.8, aliona kwamba M51 ina mikono iliyozunguka kwa mzingo. Hakuna aliyejua mikono hiyo ni ya nini.

Usiku wa tarehe 29 Agosti 1864, William Huggins, mwanafalaki wa Uingereza, alijaribu njia nyingine. Badala ya kuikuza nuru, aliichambua. Nuru ya nyota ukiipitisha kwenye prizimu, kipande cha kioo cha pembe tatu, hutawanyika kuwa utepe wa rangi, kuanzia nyekundu hadi zambarau. Nuru ya gesi nyembamba iliyopata joto haifanyi hivyo; hutoa mistari michache ya rangi maalumu na mingine yote inabaki kiza. Huggins alielekeza chombo chake kwenye nebula iliyoko buruji ya Joka, akitazamia utepe. Alichokiona ni mstari mmoja angavu, kijani, na mingine miwili hafifu pembeni. Ilikuwa gesi. Hakuna darubini ya ukubwa wowote itakayoipasua kuwa nyota, kwa sababu nyota hazimo. Alipoijaribu Andromeda, alipata utepe wa rangi, kama wa nyota.

Hapo ukungu ukawa umegawanyika mara mbili: wa gesi na wa nyota. Lakini swali la umbali lilibaki, na ndilo lililokuwa gumu kuliko yote. Mtu aliyesimama ufukweni usiku, Bagamoyo au Lamu, akiona taa moja baharini hawezi kujua kwa kuitazama tu kama ni karabai ya mvuvi aliye karibu au taa kubwa ya meli iliyo mbali sana. Ili ajue umbali, inabidi kwanza ajue nguvu ya taa yenyewe. Je, Andromeda ilikuwa kundi dogo la nyota lililo jirani, au galaksi nyingine nzima iliyo mbali isivyofikirika? Tarehe 26 Aprili 1920 wanafalaki Harlow Shapley na Heber Curtis walijadili suala hilo mbele ya wenzao mjini Washington. Shapley alisema Njia Nyeupe ndiyo ulimwengu wote. Curtis alisema madoa yale yenye mikono ya mzingo, kama M51, ni galaksi kama yetu. Waliachana bila mshindi.

Ufunguo ulikuwa umeshapatikana na mwanamke aliyekuwa akifanya kazi katika kituo cha nyota cha Harvard. Henrietta Leavitt alikuwa akichunguza picha za vioo zilizopigwa huko Arequipa, Peru, za Wingu Dogo la Magellan, ambalo ni galaksi ndogo jirani yetu. Humo kulikuwa na nyota zinazong'aa na kufifia kwa mpangilio, tena na tena. Kwa kuwa zote zilikuwa kwenye wingu moja, umbali wake kutoka kwetu ulikuwa karibu sawa, hivyo tofauti ya mng'ao ilikuwa tofauti ya nguvu zenyewe. Mwaka 1912 alionyesha kanuni: nyota inayochukua siku nyingi zaidi kumaliza mzunguko wake ndiyo yenye nguvu zaidi. Yaani tukirudi ufukweni, aligundua kwamba taa ikimemeta kwa kasi fulani, ina nguvu fulani. Ukiijua nguvu, mng'ao unaouona unakupa umbali.

Oktoba 1923, Edwin Hubble alipiga picha Andromeda kwa darubini ya mita 2.5 ya Mount Wilson, California. Kwenye kioo cha picha aliweka alama ya N penye nukta tatu, akidhani ni nyota zilizolipuka ghafla. Alipolinganisha na picha za zamani, moja ikawa haiendi hivyo. Ilikuwa inang'aa na kufifia na kurudia. Akaikata ile N na kuandika "VAR!" kwa wino, yaani nyota inayobadilika, tena na alama ya mshangao. Ilichukua siku 31 na kidogo kumaliza mzunguko. Akafuata kanuni ya Leavitt, na hesabu ikampa umbali wa takriban miakanuru 900,000. Njia Nyeupe nzima ina upana wa miakanuru 100,000 hivi. Andromeda haikuwa na pa kutoshea ndani. Matokeo yalisomwa mbele ya wanafalaki tarehe 1 Januari 1925, na baadaye vipimo bora vikaupeleka umbali huo hadi milioni 2.5 tunaoutaja leo. Leavitt alikuwa amefariki mwaka 1921, hakuliona jambo hilo.

Kwa hiyo anayeandika "nebula ya Andromeda" anatumia jina lililokuwa sahihi kabla ya 1925. Utalikuta kwenye vitabu vya zamani, si kosa la uchapaji.

Tukiigawa orodha ya Messier kwa tunayoyajua sasa, takriban 40 ni galaksi, 29 ni mafungunyota ya tufe, yaliyo wazi ni chini ya 30 kidogo, na nebula za aina zote zinakaribia dazeni. Zilizobaki ni zile za kubahatisha kama M40.

Yapo mawili zaidi yanayosumbua watu. La kwanza ni rangi. Ukitazama M42 kwa darubini ya nyumbani utaona ukungu wa kijivu, pengine wenye kijani kidogo, na wengi huvunjika moyo wakidhani wamedanganywa na picha. Jicho haliwezi kukusanya nuru kwa saa nzima kama kamera, na kwenye mwanga hafifu halitofautishi rangi vizuri. Ile picha maarufu ya nguzo za gesi na vumbi ndani ya nebula M16 iliyopigwa na darubini ya Hubble mwaka 1995 ilitumia rangi kuonyesha gesi tofauti: oksijeni, hidrojeni na salfa, kila moja na rangi yake. James Webb inapokea nuru ya infraredi isiyoonekana kabisa kwa macho, hivyo lazima igeuzwe kuwa rangi tunazoziona. Hiyo ni tafsiri ya kipimo cha kweli. Hakuna kilichobuniwa.

La pili ni hofu kwamba Andromeda inakuja kutugonga. Inasogea upande wetu, ni kweli, na kwa miaka mingi hesabu zilionyesha galaksi hizi zitaanza kugongana baada ya kama miaka bilioni 4. Hesabu mpya zilizochapishwa mwaka 2025 zimepunguza uhakika huo hadi karibu nusu kwa nusu, ndani ya miaka bilioni 10 ijayo. Hata zikikutana, nafasi kati ya nyota na nyota ni kubwa kiasi kwamba nyota kwa nyota karibu hazitagusana.

Tunaoishi karibu na ikweta tuna bahati moja ambayo Messier hakuwa nayo. Kutoka Paris, kitu cha kusini kuliko vyote alichoweza kukiorodhesha ni M7, fungunyota lililo karibu na mkia wa buruji ya Nge, na huko kwake lilikuwa likichungulia tu juu ya upeo wa macho. Yote yaliyo kusini zaidi hayamo kwenye orodha, ingawa baadhi yake ni bora kuliko karibu kila kilichomo. Kutoka Dar es Salaam, Mombasa au Bujumbura unaweza kuona orodha ya Messier na ya Lacaille pia. Saa tatu usiku mwezi Novemba, mahali pasipo taa za mji na Mwezi ukiwa haupo, Andromeda iko kaskazini na Wingu Dogo la Magellan liko kusini, kwa macho matupu. Januari ni zamu ya Kilimia, Orion na Wingu Kubwa la Magellan, galaksi jirani iliyo umbali wa miakanuru 160,000, ambayo mwaka 1987 nyota ililipuka ndani yake na kuonekana bila darubini. Mei na Juni tafuta Omega Centauri, mashariki ya Msalaba wa Kusini: inaonekana kama nyota hafifu iliyovimba, na ndani yake kuna takriban nyota milioni 10. Ptolemy aliiandika kama nyota moja. Halley aliona mwaka 1677, akiwa kisiwa cha Saint Helena, kwamba ni ukungu. Haina namba ya M. Ukiitafuta kwenye programu ya simu ya kutazamia nyota, andika NGC 5139.